Leseni Haiuzwi Rejareja

Tuanze na hesabu. Mtu anayetaka leseni ya udereva Tanzania analipa serikalini shilingi 10,000 ya leseni ya kujifunzia, ile tunayoiita lena, 3,000 ya mtihani, na 70,000 ya leseni yenyewe, itakayodumu miaka mitano. Jumla ni 83,000. Ada hizo zinajulikana, hazina siri. Ukiishia hapo utaona wanaosema leseni yetu si ghali wana haki yao, na utabaki ukijiuliza watu wazima wenye akili timamu wanaendeshaje bila karatasi.

Mimi nilitumia 478,600.

Nina daftari. Kazi yangu ni kuuza sabuni na mafuta ya kula kwa niaba ya mfanyabiashara wa jumla. Napita duka kwa duka kuanzia Mbagala Rangi Tatu hadi Kongowe, na mtu wa kazi hiyo asiyeandika hula mtaji wa watu bila kujua. Mwishoni mwa 2020 tajiri wetu alinunua kirikuu mbili, akatangaza kwamba muuzaji atakayeleta leseni ya daraja D atakabidhiwa moja aendeshe mwenyewe. Kwa mtu anayebeba sampuli begani na kusubiri bodaboda impelekee mzigo, kirikuu si anasa. Ni tofauti ya maduka 12 kwa siku na maduka 30. Nikaenda kutafuta leseni kama mkulima anavyokwenda kutafuta jembe, na kila senti iliyotoka niliiandika.

Ada ya shule, 250,000. Lena, 10,000. Mafuta ya gari la shule, ambayo niliambiwa hayamo kwenye ada, 5,000 mara sita. Mtihani, 3,000. Nauli za daladala, 25,600. Leseni, 70,000. Hapo tumefika 388,600. Ongeza siku sita ambazo sikufanya kazi kabisa, nne za mtihani na mbili za kufuatilia kadi, kwa wastani wangu wa wakati ule wa 15,000 kwa siku. Hizo ni 90,000. Kwa kipato hicho leseni yangu ilikula kazi ya karibu siku 32. Kila shilingi moja iliyoingia serikalini iliburuta nyingine karibu tano nyuma yake.

Mwaka 2021 nchi nzima ililalamikia tozo za miamala ya simu. Zilianza Julai, watu wakapiga kelele, na Septemba zikapunguzwa kwa asilimia 30. Nililalamika na mimi, na sijutii. Lakini tozo zile zilikuwa na heshima moja: ziliandikwa kwenye ujumbe, kila mtu akaona alichokatwa. Gharama ya leseni haina ujumbe. Imetawanywa kwenye nauli, kwenye "ya mafuta", kwenye siku za kukaa juani, na sehemu yake inapokelewa kwa mkono chini ya meza. Kitu kilichotawanywa hivyo hakipati wa kukipigia kelele.

Shule niliyosoma sitaitaja. Zipo nyingi zinazofanana nayo, na kuitaja moja ni kuzisafisha nyingine. Ilikuwa na gari moja, Starlet ya zamani yenye mlango mmoja unaofunguliwa kwa nje tu, na sisi wanafunzi wa zamu ya asubuhi tulikuwa tisa. Zamu ilianza saa 12 na nusu na kuisha saa 2, ili wenye kazi tuwahi kazini. Mmoja anakaa kwenye usukani, wanne wanabanana kiti cha nyuma, waliobaki wanasubiri zamu kwenye benchi chini ya mwembe. Dakika 90 ukizigawa kwa watu tisa, kila mmoja anapata kumi. Nilihudhuria siku 20. Yaani nilishika usukani dakika 200, saa tatu na dakika ishirini, kwa ada ya 250,000. Ni shilingi 1,250 kwa dakika. Kwa dakika mbili za Starlet ile ningenunua kilo ya mchele.

Muda uliobaki tulikuwa "tunajifunza kwa macho". Hilo ni neno la shule, si langu. Kukaa nyuma ukimwangalia mwenzako anavyozima gari kwenye tuta kulihesabiwa kuwa somo, na kuliandikwa kwenye kitabu cha mahudhurio. Sikuwahi kuendesha usiku. Sikuwahi kuendesha kwenye mvua. Kurudisha gari nyuma kwenye mlima nilikuja kujifundisha mwenyewe miezi mingi baadaye, nikiwa na katoni za sabuni nyuma na mwenye duka akinipigia kelele nisimvunjie kibaraza.

Mwalimu wetu hana lawama katika haya, na nasema hivyo kwa sababu hasira za watu huishia kwa aliye karibu. Alikuwa dereva wa malori kwa miaka mingi, mzee mwenye subira, akilipwa kwa siku na siku nyingine halipwi. "Klachi haikanyagwi kwa hasira, binti," aliniambia asubuhi ya kwanza, na mpaka leo mguu wangu wa kushoto unamkumbuka. Mzee huyo angetengeneza madereva wazuri kama angepewa gari zima na wanafunzi watatu. Alipewa nusu gari na wanafunzi tisa.

Wiki ya mwisho karani wa shule aliniita ofisini.

"Dada, kuna ya mtihani. Elfu hamsini."

"Mtihani si 3,000?"

"Hiyo ni ya serikali. Hii ni ya kukurahisishia."

"Kunirahisishia nini, kaka, na kuendesha najua?"

"Wenzako wote wametoa."

"Nitapata risiti?"

"Ya 3,000 utapata."

Nimeliwaza sana jibu hilo. Halina uongo hata chembe. Kijana yule alinieleza mfumo mzima kwa maneno matatu: kuna bei yenye risiti na bei isiyo na risiti, na ya pili ndiyo inayofanya kazi. Hakuona haya, hakushusha sauti. Aliisema kama konda anavyosema nauli. Elfu hamsini hizo zilikuwa zinaishia kwa nani, sikuambiwa. Zilikokuwa zinaanzia niliona: kwa msichana anayeuza vitenge Zakhem aliyekopa kwenye kikundi chao cha wanawake, na kwa kijana wa kidato cha nne aliyeuziwa mbuzi kwao ili aje mjini awe dereva wa mtu.

Mimi sikutoa. Nililipa 3,000 yangu kwa namba ya malipo ya serikali, nikachapisha risiti, nikaenda.

Siku ya kwanza ya mtihani tulifika saa 1 asubuhi. Watu walikuwa wengi, kutoka shule mbalimbali. Majina yalisomwa kutoka kwenye orodha iliyoletwa na shule, na pembeni ya baadhi ya majina palikuwa na nukta ya penseli. Wenye nukta waliitwa kwanza. Mmoja wao, kijana mpole tuliyekuwa tukikaa wote kwenye benchi, aliulizwa alama tatu za barabarani, akapata mbili, akaambiwa sawa. Usukani hakuugusa. Alirudi akicheka kwa aibu, akaniambia, "Dada, hata sijui kama nimefanya mtihani." Ilipofika saa 10 jioni sisi tusio na nukta tukaambiwa muda umekwisha, tuje wiki ijayo.

Wiki iliyofuata ikawa hivyohivyo. Na ya tatu. Choo kilikuwa kimefungwa kwa kufuli na mwenye ufunguo hakujulikana. Wanawake wataelewa siku ya saa tisa juani inakuwaje.

Sasa rudi kwenye daftari. Siku tatu za bure, kila moja 15,000 ya kazi niliyoikosa na 1,600 ya nauli ya kwenda na kurudi kwa magari mawili. Jumla 49,800. Karani alitaka 50,000. Kati ya mtu aliyetoa na mtu aliyekataa kutoa kulikuwa na tofauti ya shilingi 200, bei ya andazi. Siamini kuna mtu aliyekaa akapiga hesabu hiyo ili ilingane, ila ndivyo bei zinavyojipanga zenyewe mahali ambapo muda wa raia hauna thamani kwenye vitabu vya mtu yeyote. Anayetoa analipa kwa noti. Asiyetoa analipa kwa siku. Wote wanalipa, halafu mmoja wao anaitwa mwenye msimamo.

Na msimamo huo una gharama ambayo sikuiandika, kwa kuwa sikujua niiweke safu gani. Wakati mimi narudi nyumbani wiki ya tatu, mwenzangu wa kazini alipeleka kadi yake kwa tajiri. Alichukua kirikuu ya kwanza. Ya pili ikapewa mtu wa kitengo cha mafuta, na mimi nikasubiri mpaka Machi mmoja wao alipohama. Miezi mitatu ya begi begani. Mwenzangu yule hakunizidi kuendesha. Alinizidi 50,000 ya kutoa kwa mkupuo.

Wiki ya nne niliitwa. Nilitoka getini hadi njia panda, nikakata kulia, nikageuza, nikarudi, nikaegesha kati ya mapipa mawili. Dakika nne. "Umefaulu," mtahini akasema, tayari akiangalia jina linalofuata.

Hapo ndipo hasira yangu ilipobadilika sura. Mpaka siku ile nilikuwa nikikasirikia foleni. Lakini nilikuwa nimelipa, nimesubiri wiki nne, nimepoteza gari, na bado hakuna mtu aliyejua kama ninaweza kuendesha. Hakunipeleka barabara kubwa. Hakunitazama nikipishana na lori. Nilitaka kupimwa! Mtu anayelilia urahisi wa leseni hudhaniwa anataka mtihani mwepesi; mimi nataka mgumu kuliko huu, wa nusu saa nzima, wenye mtu pembeni anayeandika. Ninachokataa ni kulipishwa bei ya mtihani mgumu na kupewa mtihani wa dakika nne, au kama yule kijana mpole, wa alama mbili kati ya tatu.

Kuna hoja ninayoisikia kila mara nikisema haya: udereva si haki ya kila mtu, anayemiliki gari hashindwi laki kadhaa za leseni. Anayesema hivyo ana gari lake. Angekaa kwenye benchi la shule yetu angeona. Kati yetu tisa hakuna aliyekuwa na gari. Wote tulikuwa tunajifunza kuendesha mali ya mtu mwingine: daladala ya mtu, kirikuu ya tajiri, gari la nyumbani kwa mtu Masaki, bajaji ya mkataba. Kwa kijana aliyemaliza kidato cha nne bila mbele wala nyuma, leseni ndiyo cheti cha pekee anachoweza kukipata kabla ya miaka 20 na kupata nacho kazi wiki hiyohiyo. Mwenye gari analipa leseni kwa ajili ya safari zake. Hawa wanalipia ajira.

Hoja nyingine ni kwamba bei kubwa inachuja, inazuia kila mtu kuingia barabarani. Inachuja nini? Mikono ya mtu haina uhusiano na mfuko wake. Bei inachuja mifuko, nukta ya penseli inachuja mifuko kwa mara ya pili, na aliyepita kwenye vichujio vyote viwili anaingia barabarani bila kuchujwa udereva. Yule asiyepita naye anaingia barabarani, ila bila kadi. Akimgonga mama yako kwenye kivuko, kampuni ya bima itauliza leseni kabla ya kuuliza hali ya mgonjwa. Gharama tuliyokataa kuipunguza dirishani inakuja kulipwa wodini, na anayeilipa hajawahi kushika usukani maishani mwake.

Nirudi kwenye zile 70,000, maana nazo zina historia. Mpaka 2019 leseni ilikuwa 40,000 kwa miaka mitatu. Kwenye bajeti ya Juni mwaka ule Waziri wa Fedha, Dk. Philip Mpango, alipendekeza muda uongezwe kuwa miaka mitano na ada iwe 70,000, na ikawa. Ukigawanya utaona mantiki ya mtu wa hesabu. Zamani ilikuwa 13,333 kwa mwaka, sasa 14,000. Nyongeza ya 667. Nani atagombania 667? Na kwa mwenye mshahara ni nafuu kweli, anapanga foleni mara moja kwa miaka mitano badala ya mara moja kwa mitatu.

Ila sisi wengine hatununui kwa mwaka. Naomba niseme hili kama mtu wa sabuni. Naingiza dukani katoni ya miche. Mwenye duka anachukua mche mmoja anaukata vipande kwa kisu, anauza kipande kimoja kimoja, na ukijumlisha bei ya vipande vyote inazidi bei ya mche mzima. Kila mteja anajua hivyo. Mama anayenunua kipande hajashindwa hesabu. Anajua analipa zaidi, na analipa, kwa sababu leo ana 300 na nguo za shule ni chafu leo. Mbagala yote inaishi hivyo. Mafuta ya kula yanapimwa kwa kikombe, sukari robo, mkaa kopo, umeme wa LUKU wa 1,000, bando la siku. Kampuni kubwa zimelijua hili zamani na zimetajirika kwa kulijua. Serikali yenyewe imelijua kwenye umeme, inatuuzia kidogokidogo. Leseni peke yake bado inauzwa kwa katoni.

Kwa hiyo 2019, kwa jicho la ofisini, ada ilipanda kwa 667. Kwa jicho la mtu anayeishi kwa kipande ilipanda kwa 30,000, maana hizo ndizo alizotakiwa kuziongeza mkononi siku ya kulipa. Miaka miwili ya ziada aliyopewa hawezi kuila.

Mtoto wa kaka yangu ni bodaboda. Anaendesha pikipiki ya mtu, hesabu ni 8,000 kila jioni, pikipiki ilale au isilale. Kinachobaki baada ya mafuta na chakula siku nzuri ni 7,000 hadi 10,000, siku mbaya anakopa kwa wenzake kijiweni ajazie hesabu. Leseni hana. Nilimkalisha chini baada ya mimi kupata yangu, nikiwa na hamasa zote za mtu mwenye kadi mpya, nikamweleza hatari na sheria. Alinisikiliza kwa adabu mpaka nikamaliza.

"Shangazi," akasema, "faini nalipa nikikamatwa. Leseni nalipa hata nisipokamatwa."

Sikuwa na jibu siku ile. Halafu Juni 2021 bajeti ya Dk. Mwigulu Nchemba ikashusha faini za barabarani kwa bodaboda na bajaji kutoka 30,000 hadi 10,000 kwa kosa. Kijiweni kwao walishangilia, na walikuwa na haki ya kushangilia. 30,000 kwa mtu anayelala na 7,000 ilikuwa kumnyang'anya pikipiki kwa njia nyingine, na ilikuwa inawafanya wakimbie askari na abiria mgongoni. Kupunguza faini kulikuwa kitendo cha huruma. Lakini tazama kilichobaki baada ya huruma. Bei ya kukosea imeshuka mara tatu. Bei ya kufuata sheria imebaki palepale, 83,000 kabla hujaweka mafunzo. Faini nane ndiyo ada za leseni moja, na faini haziji nane kwa siku moja. Zinakuja moja leo, nyingine mwezi ujao. Kijana wangu hakuwa mkaidi, alikuwa mnunuzi. Serikali ilimwekea mezani bidhaa mbili, leseni kwa katoni na faini kwa kipande, akachukua anachokimudu. Faini ndiyo leseni yake ya rejareja, na atailipa maisha yake yote bila kupewa kadi.

Dawa ya hili haihitaji mkopo wa nje wala semina hotelini. Leseni ikatwe vipande. Anayetaka miaka mitano alipe 70,000, anayetaka mwaka mmoja alipe wa mwaka mmoja. Kwa jirani zetu Kenya madereva wamezoea kuchagua, wahuishe kwa mwaka mmoja au kwa mitatu, na barabara zao hazijageuka mto kwa sababu hiyo. Hata tukitozwa 16,000 kwa mwaka badala ya 14,000, yaani 80,000 kwa mitano, mimi na mama wa kipande cha sabuni tutalipa na kushukuru, na hazina itapata zaidi. Au mtu apewe namba moja ya malipo aiingizie 2,000, 5,000, kadiri anavyopata, mpaka itimie. Simu zetu zinaweza. Tumeziona zikikata tozo kwenye muamala wa elfu mbili.

Na mtihani uwe na saa. Daktari wa meno anaweza kunipa siku na saa. Kinyozi wangu anaweza. Nikilipa 3,000 nipokee ujumbe: siku fulani, saa fulani, uwanja fulani. Orodha itoke kwenye mfumo wa malipo, isitoke mkononi mwa shule, na penseli zibaki nyumbani. Asiyefaulu aambiwe kwa maandishi amekosea nini. Kila shule ya udereva ibandike ukutani, mlangoni, mahali mteja anapopaona kabla ya kutoa hela, ada zake zote, mafuta yakiwemo, na idadi ya dakika mwanafunzi atakazoshika usukani. Dakika, si masomo. Macho yasihesabiwe.

Najua hilo la mwisho litachukiwa na wenye shule. Nimemwonyesha mmoja, si yule wangu, akaniambia akibandika dakika wateja watakimbilia kwa jirani asiyebandika. Nikamwambia ndiyo maana nataka iwe sheria. Akacheka, akaniuliza kama naweza kumletea sabuni ya maji kwa bei ya jumla.

Mtoto wa kaka yangu, kwa taarifa, si kwamba hakunielewa. Baada ya yale mazungumzo alinunua kibubu cha bati sokoni na kuanza kudunduliza ya leseni, 500 siku nyingine, 1,000 siku nyingine, siku nyingi bila kitu. Mwezi uliopita alikamatwa njia ya Kongowe na makosa mawili, leseni na kofia ya abiria. Alikipasua kibubu usiku ule. Kilikuwa na 26,500. Alilipa 20,000, akanunua kibubu kingine 3,000, na zile 3,500 zilizobaki akazirudisha ndani.